Kelele Zetu, Kanda ya Nani?

Neno "duma" lina maana mbili hapa Kenya. Kwa Kiswahili ni yule mnyama wa mbio. Kwa Kikuyu ni giza. Martin Khanja na Sam Karugu walipolifanya kuwa jina la bendi yao jijini Nairobi mwaka 2019, maana zote mbili ziliwakaa vizuri. Muziki wao una kasi ya mnyama na weusi wa usiku wa manane: ngoma za kompyuta zinazokimbia kwa mwendo ambao mguu wa binadamu hauwezi kuufuata, gitaa lililokwaruzwa mpaka linasikika kama mashine ya kukata vyuma, na juu yake Khanja akipiga mayowe kama mtu anayetolewa pepo. Ama kama pepo anayekataa kutoka.

Albamu yao ya kwanza, inayoitwa Duma pia, ilitoka Agosti 2020, na waandishi wa muziki wa Ulaya na Marekani wakaishangilia. Lakini haikurekodiwa Nairobi, wala haikutolewa na kampuni ya Kenya. Ilirekodiwa Kampala mwaka 2019 na kutolewa na Nyege Nyege Tapes, lebo ya huko huko Kampala.

Ukipanda basi la Nairobi kwenda Kampala kupitia Malaba, Eldoret iko karibu nusu ya safari. Umeshakula kilomita kama 310, na zilizobaki ni karibu hizo hizo. Sisi wa Kiplombe tunayajua mabasi ya usiku. Tunayasikia yakibadilisha gia kwenye barabara kuu. Kwa hivyo si uongo kusema kwamba historia ya muziki mkali wa Afrika Mashariki imekuwa ikitupita tukiwa tumelala.

Unaweza kuuliza inatuhusu nini. Hapa mtaani redio ni Kass na Chamgei, Jumapili ni kwaya, na kwenye matatu ni gengetone au arbantone. Jamaa akipiga ngoma za Duma kwenye spika ya base ya boda, wasee watadhani spika imeharibika. Sawa. Lakini swali la hii historia si kama kelele ni tamu. Swali ni kanda: nani alirekodi, nani alilipa, na mwishowe nani alibaki nayo. Na hilo swali halikuanzia Nairobi wala Kampala. Limezeeka hapa hapa Bonde la Ufa.

*

Twende Kapkatet, upande wa Kericho, mwaka 1950. Hugh Tracey, Mwingereza aliyekuwa akiishi Afrika Kusini, anafika na gari na mitambo yake ya kurekodi. Kazi yake ni kuzunguka Afrika akikusanya nyimbo. Kwa Wakipsigis anakuta kitu ambacho hakukitarajia: watu wanaimba kuhusu "Chemirocha".

Chemirocha ni Jimmie Rodgers, mwimbaji wa kantri wa Marekani aliyefariki mwaka 1933. Santuri zake zilikuwa zimefika huku na gramafoni za wazungu. Watu walisikia sauti ikitoka kwenye sanduku, sauti isiyo na mwili, na wakalipa jina lake matamshi ya nyumbani. Katika rekodi iliyokuja kupata umaarufu, wasichana wakiongozwa na Chemutoi Ketienya wanamwimbia Chemirocha kama kiumbe cha ajabu, nusu mtu nusu swara, na wanamhimiza aruke na kucheza.

Hebu fikiria walichokifanya hao wasichana. Walichukua muziki wa mbali, wa watu ambao hawakuwajua, na badala ya kuuiga wakaugeuza kuwa jini la kwao. Hicho ndicho Duma walichofanya miaka 69 baadaye. Walichukua grindcore, muziki uliozaliwa kwenye miji ya viwanda ya Uingereza katika miaka ya 1980, wakautia mashine, Kiswahili na giza la Kikuyu, mpaka ukawa mnyama mwingine kabisa. Ukimwambia mtu kwamba majaribio ya sauti ni mambo ya wazungu, mkumbushe kwamba Bonde la Ufa tulikuwa tukifanya majaribio kabla babu zetu hawajapata vitambulisho.

Ila kanda ziliondoka. Tracey alizipeleka Afrika Kusini, na mwaka 1954 akaanzisha maktaba ya kimataifa ya muziki wa Afrika, inayojulikana kama ILAM, ambayo leo iko katika Chuo Kikuu cha Rhodes. Lazima tuseme ukweli wote: bila yeye, huenda tusingesikia sauti ya Chemutoi hata siku moja. Alihifadhi. Lakini kuhifadhi ni jambo moja na kurudisha ni jingine. Ilichukua zaidi ya miaka 60 kabla ILAM, pamoja na Ketebul Music ya Nairobi, kurudi kwa Wakipsigis na nakala za nyimbo hizo na kuwatafuta wazee waliokuwa vijana wakati ule. Wimbo ulikuwa umeshazunguka dunia nzima. Nyumbani ulikuwa mgeni.

*

Isidhaniwe kwamba katikati hapo tulikaa tu tukisubiri kurekodiwa. Kenya iliwahi kuwa na biashara yake ya santuri, na kubwa. Kuanzia miaka ya 1950 Nairobi ilikuwa na kiwanda cha kuzichapa, na miaka ya 1970 River Road ilijaa lebo ndogo ndogo: mtu ana duka mbele, kabati la santuri nyuma, na mkataba kichwani. Joseph Kamaru, mwimbaji wa Kikuyu aliyeheshimiwa na kuogopwa kwa maneno yake, alikuwa na duka na lebo yake mwenyewe, City Sounds. Alitunga, alirekodi na aliuza.

Hata huku kwetu haikuwa lazima ufike Nairobi. Kericho kulikuwa na Chandarana, duka la muziki lililokuwa pia studio na lebo. Huko ndiko walikopita wanamuziki wa benga wa Kijaluo na wapiga gitaa wa Kikipsigis kama Kipchamba arap Tapotuk. Lebo huru, mji mdogo, lugha ambazo kampuni kubwa hazikuzijali sana: leo tungeiita "andagraundi" na kuiandikia makala. Wakati ule ilikuwa biashara ya kawaida ya mtu wa mjini Kericho.

Kilichoivunja biashara hiyo kinajulikana. Kanda za kaseti zilikuwa rahisi kunakili kuliko santuri. Ukiwa na redio ya kaseti mbili, wewe ni kiwanda. Kufikia mwanzoni mwa miaka ya 1990 kampuni kubwa za kigeni zilikuwa zimefunga virago, santuri hazikuchapwa tena Nairobi, na msanii alibaki kutegemea redio na jukwaa.

Na redio ina mlango. Mlango huo una bawabu.

*

Mwaka 1994 Rais Moi aliunda tume ya kuchunguza ibada ya shetani nchini, ikiongozwa na Askofu Mkuu Nicodemus Kirima wa Nyeri. Ripoti yake ilifika bungeni mwaka 1999. Ukiwa umezaliwa baada ya hapo inasikika kama kichekesho, lakini waulize wazazi wako. Hofu ilikuwa ya kweli. Watoto walionywa kuhusu pete, kuhusu lifti za magari ya watu wasiowajua, na kuhusu nyimbo zinazodaiwa kuwa na ujumbe ukizicheza kinyumenyume.

Katika nchi iliyotoka kwenye hofu hiyo, kijana mwenye tisheti nyeusi yenye fuvu hakuwa shabiki wa muziki tu. Alikuwa ushahidi. Huku kwetu, ambako kila kona ina kanisa na kila jirani ni mwanakamati, mambo yangekuwa magumu zaidi. Ndiyo maana metali ya Kenya iliota Nairobi, kati ya watu wachache waliojuana kwa majina, na bendi kama Last Year's Tragedy na Lust of a Dying Breed, ile ambayo Khanja aliiimbia kabla ya Duma. Shoo walijiandalia wenyewe. Wengine walirekodi kwenye vyumba vya kulala. Lebo ya kuwekeza kwao haikuwepo. Kampuni gani ya matangazo ingeweka jina lake kando ya wimbo unaoitwa "Pembe 666"?

Hili si la Kenya pekee. Uingereza nako, muziki huu ulipozaliwa, kampuni kubwa ziliukimbia. Napalm Death wa Birmingham walirekodi upande wa kwanza wa albamu yao Scum mwaka 1986 kwa pesa inayosemekana kuwa kama pauni 50. Aliyeitoa mwaka 1987 alikuwa Digby Pearson, kijana wa Nottingham mwenye lebo changa iitwayo Earache. Nottingham si London. Ni mji wa saizi ya kati ambao watu hupita wakienda kwingine. Kutoka hapo Earache ikawa jina linalojulikana na kila mpenda metali duniani.

Muziki ambao redio inaukataa haukosi wasikilizaji. Unakosa nyumba. Anayejenga nyumba hiyo ndiye atakayeandikwa kwenye historia, na ndiye pia atakayeshika funguo.

*

Kampala nyumba ilijengwa na Arlen Dilsizian na Derek Debru, wageni kutoka Ulaya waliohamia huko. Ilianza na disko za usiku walizoziita Boutiq Electroniq, mwaka 2013. Mwaka 2015 wakaanzisha tamasha la Nyege Nyege kando ya Mto Nile karibu na Jinja. Kisha ikaja lebo ya Nyege Nyege Tapes, na mwaka 2018 dada yake, Hakuna Kulala.

Kwa Kiswahili jina lenyewe linatufanya tucheke tukiangalia kando. Kwa Kiganda, wanasema, ni ile hamu ya ghafla ya kucheza inayoshinda mwili. Kati ya tafsiri hizo mbili ndimo serikali ya Uganda ilimonaswa. Mwaka 2018 Waziri wa Maadili, Simon Lokodo, padri wa zamani, alilipiga marufuku tamasha kwa madai ya uasherati. Siku chache baadaye serikali ikabadilisha msimamo. Mwaka 2022 bunge lilitaka kulizuia tena, na Waziri Mkuu Robinah Nabbanja akaliruhusu kwa masharti. Utalii ulikuwa umeshaingiza pesa.

Kilichofanywa na lebo kilikuwa kikubwa. Mwaka 2017 ilitoa nyimbo za Otim Alpha wa Gulu, muziki wa harusi za Kiacholi uliohamishiwa kwenye kompyuta. Mwaka huo huo ikatoa Sounds of Sisso, mkusanyo wa singeli kutoka studio ya Sisso huko Mburahati, Dar es Salaam. Singeli inakimbia kwa mapigo kati ya 200 na 300 kwa dakika. Kwa watu wa Mburahati ilikuwa muziki wa vigodoro na sherehe za mtaa. Berlin iliposikia ilidhani imegundua siku zijazo. Kisha Slikback wa Nairobi akatoa Lasakaneku mwaka 2018 kupitia Hakuna Kulala, na MC Yallah, aliyezaliwa Kenya na kukulia Uganda, akatoa Kubali mwaka 2019. Halafu Duma.

Ona kilichotokea. Vijana wa Nairobi, Dar, Gulu na Kampala, ambao redio za nyumbani ziliwaona kama kelele, walipata studio, mahali pa kulala, na njia ya kufika Ulaya. Hakuna wizara wala kampuni ya simu iliyowahi kuwafanyia hivyo. Ukitaka kuilaumu Nyege Nyege, kwanza ulizia redio zetu zilikuwa wapi.

Lakini ukishamaliza kushukuru, lile swali la Kapkatet linarudi na kukaa mezani.

*

Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 inasema jambo ambalo wasanii wengi hawajawahi kulisoma. Mtunzi wa wimbo ni aliyeutunga. Lakini mwenye rekodi, yaani ile sauti iliyonaswa, rekodi mama, ni yule aliyefanya mipango ya kurekodi. Si aliyepiga mayowe, ila aliyepanga studio, mitambo na siku. Mkiandikiana vinginevyo, sawa. Msipoandikiana, hapo ndipo mnapoanzia. Na haki ya rekodi inaishi miaka 50 tangu mwisho wa mwaka iliporekodiwa, kisha inaisha.

Piga hesabu. Rekodi za Kapkatet za 1950, kwa kipimo hicho, zingekuwa huru kufikia mwisho wa mwaka 2000. Yaani ulinzi ungeisha kabla wenyewe hawajarudishiwa nakala.

Ndiyo maana mkataba kwenye muziki mkali una uzito kuliko kwenye gospel au gengetone. Hit ya mtaani inaishi miezi mitatu, na pesa yake iko kwenye shoo za miezi hiyo. Muziki wa pembeni unaishi taratibu. Unauzwa santuri 300 hapa, faili kadhaa pale, kwenye Bandcamp, kwa mtu wa Osaka na mwingine wa Warszawa, mwaka baada ya mwaka. Hauna kilele, una mkia mrefu. Mwenye rekodi mama ndiye mwenye mkia.

*

Kizazi cha Duma kinaonekana kulielewa hilo. Khanja, ambaye jukwaani ni Lord Spikeheart, alitoa albamu yake ya kwanza ya peke yake, The Adept, Aprili 2024. Safari hii jina la lebo lilikuwa lake: Haekalu, jina ambalo sikio la Mswahili linalisikia mara moja kama "hekalu". Lebo hiyo imejitolea kwa muziki mkali na wa majaribio wa Kiafrika. Mtu aliyeitwa mwabudu shetani amejenga hekalu. Ukipenda, cheka.

Albamu aliitoa kwa heshima ya Muthoni wa Kirima, anayemtaja kuwa nyanya yake mkuu. Muthoni ndiye mwanamke pekee aliyepata cheo cha Field Marshal katika Mau Mau. Alitoka msituni na rasta zake, na hakuzikata mpaka 2022. Alifariki Septemba 2023. Kuna wanaoona ajabu kwamba mpiganaji wa ardhi anakumbukwa kwa mayowe na gitaa chafu. Mimi naona sawa kabisa. Mau Mau haikuwa kwaya. Na walichopigania kilikuwa hati: nani ana jina kwenye karatasi ya ardhi. Mjukuu anauliza nani ana jina kwenye karatasi ya kanda.

Mwenzake wa upande wa kimya ni KMRU, jina halisi Joseph Kamaru. Ndiyo, ni mjukuu wa yule Kamaru wa River Road, na amerithi jina zima. Babu alifariki Oktoba 2018. Mjukuu hafanyi benga. Anarekodi mvumo wa stima, mvua kwenye mabati, mngurumo wa mji, na kuvitandaza polepole mpaka unasahau unasikiliza nini. Peel, iliyomfanya ajulikane, ilitolewa mwaka 2020 na Editions Mego ya Austria. Tangu wakati huo ameanzisha lebo yake, OFNOT. Kando ya hiyo amekuwa akizitoa upya nyimbo za babu yake mtandaoni, ili zisiuzwe na mtu mwingine. Na katika Temporary Stored aligeukia kanda za sauti za Kiafrika zilizofungiwa kwenye jumba la makumbusho la Tervuren, Ubelgiji, akatengeneza nazo muziki mpya. Hakungoja arudishiwe.

Babu alikuwa na duka na lebo. Kisha pengo la miaka 30. Sasa mjukuu ana lebo. Ukiitazama hivyo, Haekalu na OFNOT hazikuanzisha kitu kipya. Zimerudisha desturi ya River Road na Kericho iliyokuwa imekatika. Tofauti ni kwamba santuri zenyewe bado zinachapwa mbali na wanunuzi wengi wako mbali, kwa hivyo uhuru huu unategemea visa, ada za mitandao na bei ya usafirishaji. Si uhuru kamili. Lakini jina kwenye karatasi limebadilika.

*

Hapa Kiplombe hakuna lebo ya muziki mkali. Kuna vijana wenye laptopu za mtumba na programu za kutengeneza midundo, na kuna chumba kimoja au viwili vya studio vilivyobandikwa trei za mayai ukutani. Wengi wanatengeneza gospel ya Kikalenjin kwa sababu ndiyo inalipa. Wachache, usiku, baada ya kazi ya mteja kuisha, wanavuruga. Wanapunguza kwaya mpaka inaguruma. Wanaongeza mapigo mpaka kompyuta inakwama. Faili zinabaki kwenye flashi, hazina jina, au zina jina kama "jaribio 7 ya mwisho kabisa".

Kwa hao nina la kusema moja tu, na si kuhusu sauti, kwa sababu sauti mnaijua kuniliko. Ipeni faili jina na tarehe. Andikeni nani aliimba, nani alipiga, nani alilipia studio, na mgawane vipi, hata kama ni nusu ukurasa wa kalamu na sahihi mbili. Bodi ya Hakimiliki inaandikisha kazi za sanaa, na kuandikisha ni rahisi kuliko kesi. Halafu panda basi la Kampala ukitaka, au mtumie Berlin. Mtu akija hapa na mitambo mizuri na nia njema, mkaribishe, mpe chai, mrekodi. Ila kabla hajaondoka, hakikisha nakala imebaki Kiplombe.